Reki ya Mzee Ogeto na Maua ya Betoni

Mmeniuliza mara nyingi, ninyi mnaobaki na bustani ya hospitali, kwa nini mpini wa reki ile ya zamani umelika karibu na meno, mahali ambapo mtu mwenye akili zake hashiki reki. Mmoja wenu alisema huenda ni mchwa. Si mchwa. Mchwa hawali kwa adabu namna ile. Sasa nimerudisha gambuti za kazi, na asubuhi nakaa mlangoni nikitazama ukungu ukipanda kutoka bondeni bila kuulizwa na mtu mbona nimeketi. Nitawaeleza habari za reki hiyo, lakini itabidi nianze mbali kidogo, kwa hiyo mnivumilie.

Sikuja hospitalini kuwa mtu wa bustani. Mwanzoni mwa miaka ya sitini mume wangu alikuwa Kericho akichuma majani chai, nami nikaandikwa kufua mashuka ya wodi. Ile sabuni ilinila mikono mpaka nikawa siwezi kukunja vidole. Matroni wetu wakati huo alikuwa Mwingereza mrefu, mpole, aliyejifunza Kiswahili kitabuni na kukizungumza kama anayesoma tangazo. Aliponiona viganja alisikitika kweli.

"Kerubo, nimekutafutia kazi iliyo njema zaidi," akaniambia. "Utafanya kazi bustanini pamoja na Mzee Ogeto. Nimeambiwa ya kuwa yeye ni baba wa mume wako. Ninyi ni watu wa nyumba moja, mtasaidiana."

Wanawake wa kufulia waliacha kazi wote. Mmoja aliachia shuka likaanguka kwenye tope, na hakuna aliyeinama kuliokota. Matroni akatabasamu, akaenda zake akijua ametenda wema.

Ninyi vijana mmeanza kusahau, kwa hiyo niseme. Kwetu Wagusii kuna ensoni, ile heshima yenye haya ndani yake, na hakuna mahali inapokaa kwa uzito kama kati ya mwanamke na baba wa mume wake. Hawashikani mikono. Hawaketi benchi moja. Yeye haingii nyumbani kwangu, na tukikutana kwenye kijia chembamba mmoja anaingia majanini mwingine apite. Haya ndiyo mambo niliyolelewa nayo, na nilikuwa nimeyashika vizuri hadi Matroni aliponitafutia kazi iliyo njema zaidi. Kukataa sikuweza. Mikono ilikuwa imekwisha, na watoto walikuwa wanakula.

Siku ya kwanza nilimkuta Mzee Ogeto upande mmoja wa tuta la maua mekundu ya kana, nikasimama upande wa pili. Alikuwa mtu mwembamba, mwenye kofia ya sufi hata jua likiwaka. Hakunitazama. Alichukua jembe, akaliweka chini katikati ya njia, akarudi nyuma hatua kadhaa, akageuka kuitazama miti ya misaiprasi kana kwamba ndiyo kwanza aione. Nikalichukua jembe. Hilo ndilo somo langu la kwanza la bustani. Hakuna aliyetufundisha sheria ya jembe. Wazee wa zamani hawakuwahi kufikiri kwamba mtu na mke wa mwanawe wataajiriwa tuta moja. Tuliitunga wenyewe, bila mkutano, na kuanzia siku hiyo kisu, uma wa kuchimbia, makasi ya kupogolea, kila kitu kilipita ardhini kwanza ndipo kikafika mkononi.

Jambo la pili lilinichukua muda kulitambua. Nyumbani Mzee alisema Ekegusii kama sisi sote, lakini bustanini alinisemesha kwa Kiswahili tu, kile alichookota ujanani alipokuwa akifanya kazi kwa walowezi. Mwanzoni nilidhani anajivuna. Baadaye nikaelewa. Ekegusii kilikuwa na ensoni ndani ya kila neno, na Kiswahili kilikuwa lugha ya wageni, unaweza kukitumia kwa mtu yeyote kisha ukakivua jioni pamoja na koti la kazi.

Tena hata hicho Kiswahili hakukielekeza kwangu. Alikielekeza kwenye mimea.

"Wewe kana," angesema, ameinama, "mtu akitaka kukupunguza, asikate juu juu kama ananyoa. Akate chini, karibu na udongo. Halafu apanguse kisu."

Nami, upande wa pili, nikakata chini karibu na udongo, nikapangusa kisu. Nikikosea, kana ndiyo ilikaripiwa. "Wewe kana, leo umekatwa vibaya sana." Nilijifunza kazi yangu yote namna hiyo, nikisikiliza maongezi yasiyonihusu. Kuna asubuhi, ukungu ukiwa bado umelala juu ya majani na sauti ile ikitoka mahali nisipopaona, nilikuwa naamini kabisa kwamba ni maua yenyewe yanayoongea. Sijawahi kuwa na utulivu kama ule tena, hata kanisani.

Sasa betoni. Matroni alikwenda likizo kwao, na huko mama yake akafariki, nyumba ikauzwa. Alirudi na kopo la biskuti, na ndani yake, kwenye kitambaa kibichi, mizizi michache iliyosinyaa kama vidole vya kuku. "Haya ni maua ya mama yangu," akasema. "Jina lake ni betoni. Yakishika, hukaa miaka mingi. Hayahitaji kupandwa upya kila mwaka." Kisha akasahau Kiswahili chake chote, akasimama tu pale na kopo mkononi.

Mzee Ogeto aliyapokea kama mtu anayepokea mgeni wa mbali: akayapa mahali pazuri na chakula kingi. Akayapanda mbele ya wodi ya kina mama, kwenye samadi nyeusi ya ng'ombe iliyooza vizuri. Yakashika. Yakatoa majani marefu ya kijani kibichi, yenye vinyweleo na ukingo uliojikunjakunja kama upindo wa nguo ya mtoto, yaliyolala chini kwa duara. Yakanenepa. Maua hayakutoka. Mvua za masika zikaja zikaenda, za vuli nazo, na betoni zikazidi kunenepa bila kutoa chochote. Matroni alipita kila asubuhi akainama, akainuka, akaendelea na kazi.

"Wewe betoni," Mzee alisema siku moja, na sauti yake ilikuwa na uchungu, "mbona unakula na husemi asante?"

Ni Matroni mwenyewe aliyekumbuka. Alikuja mbio siku moja, kofia imekaa upande, akasema nyumbani kwao maua yale yalikuwa kwenye ukingo wa mawe nje ya lango, mahali ambapo hakuna aliyeyapa kitu. Basi tukayang'oa. Nyuma ya stoo kuna ule mteremko wa changarawe unaotazama Nyamira, ambapo baridi ya alfajiri hujikusanya na hata magugu huota kwa shingo upande. Tukayagawa mashina kwa uma, Mzee akiliambia kila shina kwamba mtu akilipanda aache nafasi ya mkono mmoja, asizike moyo wake, na asithubutu kuleta samadi. Mkumbuke hilo. Betoni ukiibembeleza inalala.

Baada ya masika yaliyofuata zikasimama. Vijiti vilivyonyooka, vyenye pembe nne ukivizungusha vidoleni, na juu yake kishada cha maua madogo madogo ya zambarau iliyochanganywa na maziwa. Na nyuki! Sijui waliambiana vipi. Mteremko mzima ulivuma. Matroni aliketi kwenye nyasi na gauni lake jeupe, akalia bila kujificha, kisha akacheka, kisha akauliza kama kuna aliyemwona. Mzee Ogeto alipiga magoti akasogeza uso karibu sana na ua, pua ikagusa. Nilidhani ananusa, nikashangaa, maana betoni haina harufu ya kutaja.

"Nimekuona," akaliambia ua. "Sasa nimekuona."

Kulikuwa na vituko, bila shaka. Wakati mmoja kina mama wa kanisa, wenye moyo mwema kuliko macho, walikuja kutusaidia kupalilia. Walipofika mteremkoni na kuona majani mapana yamelala chini hawakusita. Waliyachuma yote, wakayatia vikapuni kama mboga, wakaenda kupika. Kesho yake mmoja wao alirudi kunilaumu. "Kerubo, mboga yenu gani hii? Nimeweka maziwa, nimeweka tena, uchungu tu. Mume wangu ameuliza kama nampa dawa ya minyoo." Betoni hazikujali. Mizizi ilikuwa mizima, zikaota upya. Hata mvua ya mawe, ile inayopasua migomba kuwa nyuzi, iliziacha zimelala chini, zikainuka tena.

Nilichelewa kuelewa habari ya macho. Kwanza Mzee alianza kukata vijiti vya maua pamoja na majani makavu. Kisha akawa anapita na wilbaro pembezoni mwa njia, gurudumu likipanda tuta. Kisha nikamwona akiweka kisu chini, akirudi nyuma kama kawaida, na kugeuka kutazama misaiprasi upande ambao hakuna misaiprasi. Ukungu ulikuwa umeingia machoni mwake na haukuwa unapanda tena jua likitoka. Daktari wetu alimtazama, akasema ukungu huo umechelewa kutolewa, wala hakuiandikia ofisi.

Nilijua maana yake. Hospitali ilikuwa imeanza kuwarudisha nyumbani wale wasioweza kazi, na nyumbani Mzee hakuwa na mtu. Mama mkwe alikuwa amefariki. Angekaa kwenye kiti ukutani, kutwa, akisubiri mtu apite. Mtu yule alikuwa anaongea na mimea kutwa nzima. Angeongea na nini? Wazo hilo liliniumiza kuliko nilivyotegemea. Lakini ningefanya nini? Mke wa mwana hamwambii baba mkwe kwamba haoni. Hamshiki mkono. Hata kumwambia mwingine ni kumvua nguo mbele ya watu.

Basi nikafanya nilivyofundishwa. Nilichukua uma, nikapiga magoti mteremkoni, yeye akiwa upande wa pili, nikasema kwa sauti, kwa Kiswahili:

"Wewe betoni, umejaa sana hapa. Nataka kukugawa. Nitakupanda kando ya njia, upande wa kulia, kuanzia geti mpaka mlango ya stoo. Usiache nafasi hata pahali pamoja."

Nikasikia uma wake umesimama.

"Hii betoni," akajibu polepole, akiliambia shina lake, "imefundishwa na mtu mzuri."

Nilizipanda kwenye changarawe mpaka mgongo ukaniambia basi. Msimu wa maua Mzee Ogeto alitembea kwa kufuata nyuki. Mngemwona! Kichwa kimeinama kidogo upande wa kulia, kofia ya sufi, mkono nyuma, anatembea ndani ya ule mvumo kama mtu anayekwenda usingizini, na hakosei hata hatua. Maua yakiisha sikuvikata vile vijiti. Viliachwa vikauke palepale vimesimama, na alipopitisha fimbo vilitoa mlio mdogo, kra kra kra, mpaka mlangoni. Ndani ya stoo alijua kila kitu kilipo. Tuta alilijua kwa vidole. Wageni waliopita waliona mzee anayefanya kazi taratibu, na hospitalini hakuna kitu cha kawaida kama mzee anayefanya kazi taratibu.

Tulikwenda hivyo msimu baada ya msimu. Kisha, miaka ya sabini, akaja katibu mpya wa hospitali, kijana nadhifu aliyependa kila kitu kinyooke. Ilisemekana wageni wakubwa wanakuja kutoka Nairobi. Akapita njiani na viatu vyake vinavyong'aa.

"Mama, haya majiti makavu ni ya nini hapa? Kama nyumba ya wachawi! Yatolewe."

"Haya tunaachanga hivi, Bwana Katibu."

"Mnaacha kwa sababu gani?"

Sababu nilikuwa nayo mdomoni. Ningeisema, Mzee angekwenda nyumbani jioni ileile. Nikameza. "Ni mbegu," nikasema.

"Mbegu zenyewe mtachukua kwingine," akasema, akaenda zake, nikadhani yamekwisha.

Siku ya wageni nilitumwa Keumbu kuleta miche, na kurudi nikakuta njia imenyolewa. Kibarua alikuwa amepita na fyekeo pande zote mbili, kazi safi, akafagia na kuchoma. Wageni walikuwa barazani wakinywa chai, katibu yuko katikati yao, Matroni pembeni. Na mlango wa stoo ulikuwa unafunguka.

Mzee Ogeto alitoka na fimbo. Aliipitisha upande wa maua. Hakuna kitu. Akaipitisha tena, mbali kidogo, kama mtu anayetafuta kiberiti gizani. Niliona uso wake. Sitaki kuueleza. Kisha akafanya jambo ambalo mtu mwenye haya hulifanya watu wakimtazama: akaanza kutembea kana kwamba anajua aendako. Alikwenda upande wa pili. Upande huo walikuwa wamechimba shimo la choo kipya, refu, halijafunikwa.

Nikipiga kelele, baraza lote lingejua. Nikikimbia nikamshika mkono, nilikuwa namwokoa asianguke na kumwangusha mwenyewe mbele ya kila mtu. Yote mawili yalinipita kichwani kwa pamoja, na miguu yangu ikaenda bila kusubiri jibu. Reki ilikuwa imeegemea ukuta wa stoo. Niliichukua, nikamzunguka mbele, nikaiweka chini kama siku zote, mpini ukielekea kwake, nikausukuma mpaka ukagonga fimbo yake.

Alisimama. Ule mgongano aliujua. Alikuwa ameusikia miaka yote ile, chombo kikifika ardhini. Akainama, akapapasa, akaokota mwisho wa mpini. Hapo ndipo siku zote mimi huachia na kurudi nyuma.

Sikuachia.

Alihisi uzito upande wa pili. Nilimwona amehisi, maana mabega yake yalitulia na mpini ukabaki mkononi mwake. Angeweza kuutupa, na ingekuwa haki yake. Nilishikilia karibu na meno, nikamgeuzia mgongo, nikaanza kutembea mbele yake, jambo ambalo nalo halikuwa la adabu, lakini siku hiyo nilikuwa nimekwisha kuharibu mengi. Akanifuata. Tulipita ukingo wa shimo, tukapita baraza, polepole, wafanyakazi wawili wamebeba reki moja.

"Wanashirikiana vizuri wazee wenu," nilimsikia mgeni mmoja akisema.

"Sana," akasema Matroni haraka, kabla katibu hajafungua mdomo. "Sana sana. Karibu chai zaidi."

Tulipofika mteremkoni, kwenye betoni za kwanza ambazo hakuna aliyezigusa, nilisimama. Vijiti vikavu vikagusa fimbo yake, kra. Akajua alipo. Nilisubiri aongee na betoni. Hakuongea na betoni. Alielekeza uso kwangu, au karibu na nilipokuwa, na kwa mara ya kwanza katika bustani ile akasema Ekegusii.

"Mbuya mono, ng'ina Moraa."

Asante sana, mama Moraa. Nililia hapohapo, na nilifurahi kwamba haoni, kisha nikaona haya kwa kufurahi.

Vijiti vilihitaji mwaka mzima kusimama tena kando ya njia. Mwaka huo wote, na mingine iliyofuata mpaka Mzee aliposema mwenyewe kwamba sasa anataka kupumzika, tulibeba reki ile kwenda na kurudi, asubuhi na jioni, hakuna aliyetuuliza tunarekebisha nini. Kila mara niliiweka chini kwanza, naye akaiokota. Ensoni yetu haikupungua hata kidogo. Alipofariki, nilisimama na wake wengine wa wanawe, mahali pangu, mbali, na nyumbani kwangu hakuwahi kuingia.

Kwa hiyo mpini umelika karibu na meno kwa sababu hapo ndipo nilipokuwa nikishika mimi. Mwisho wake wa pili nao umelika, tena zaidi, ila huo hamkuuliza, kwa kuwa kila mtu hushika hapo. Nasikia mnataka kuuchoma na kununua mpini mpya. Nunueni, ni haki ya bustani. Huo wa zamani nileteeni nyumbani, na mkifika msinipe mkononi.